Je, Kichina Huandikwa kwa Picha? Historia ya Hati Moja kwa Macho ya Mswahili Anayeanza



Ada ya mhadhara huu ni kwamba anayepewa heshima ya kusimama hapa huzungumzia jambo alilolitumikia kwa muda mrefu. Leo naomba radhi kuivunja ada hiyo. Kwa zaidi ya miaka thelathini nimefundisha fonolojia na mofolojia ya Kiswahili. Lakini jambo nililokuja nalo nimelianza nikiwa na umri wa miaka 58, katika chuo kimoja mjini Beijing, nikiwa mwanafunzi asiyejua kuandika hata jina lake. Nazungumzia lugha ya Kichina na hati yake. Kama kuna atakayeuliza jambo hili linahusu nini taaluma ya Kiswahili, namwomba asubiri kidogo, kwa sababu naanza na neno Kiswahili lenyewe.

Jina la lugha yetu kwa Kichina huandikwa 斯瓦希里, nalo hutamkwa Sīwǎxīlǐ. Alama ya kwanza, ikisomwa peke yake katika Kichina cha kale, ina maana ya "hii". Ya pili ni kigae cha kuezekea nyumba. Ya tatu ni tumaini. Ya nne ni "ndani". Mtu anayeamini kwamba Wachina huandika mawazo na si sauti, hapana budi atufafanulie ni vipi "hii, kigae, tumaini, ndani" imekuwa Kiswahili. Hawezi. Alama hizo nne zimetumiwa kwa ajili ya sauti zake tu: si, wa, xi, li.

Nami niliamini hivyo kwa miaka hamsini. Nilikulia Ifakara. Mwanzoni mwa miaka ya 1970, reli ya TAZARA ilipokuwa ikijengwa kupita kwetu, sisi watoto tulikuwa tukiyazunguka masanduku ya mbao yaliyopakwa alama nyeusi, kila mmoja akitafuta picha. Huyu aliona nyumba, yule ngazi, mwingine mtu mwenye kofia. Mkubwa mmoja alitueleza kwamba Wachina hawana herufi, wao huchora kitu chenyewe. Tulimsadiki, na kwa bahati mbaya nilimsadiki hata baada ya kupata shahada tatu za isimu.

Asili ya imani hiyo haiko Ifakara. Mwaka 1605 Francis Bacon aliandika kuwa maandishi ya Kichina hayawakilishi maneno bali vitu na dhana. Leibniz, mwanafalsafa wa Kijerumani aliyefariki mwaka 1716, alivutiwa nayo akiwa na shauku ya kupata hati ya fikra ambayo mataifa yote yangeisoma pasipo kuhitaji lugha ya mtu yeyote. Kwa wataalamu wale, Kichina kilikuwa ndoto yao wenyewe iliyovikwa vazi la mbali. Ilikuwa hadi mwaka 1838, huko Philadelphia, ambapo Peter Du Ponceau alichapisha kitabu kizima kuonyesha kwamba hati ya Kichina huandika maneno ya lugha ya Kichina, na kwamba asiyejua lugha hiyo haoni humo fikra yoyote. Hoja yake ilikuwa sahihi. Haikusikilizwa sana, na kila mara imani ile huzuka upya. Katika semina za uongozi bado tunaambiwa kuwa neno la Kichina la "mgogoro", wēijī, limeunganisha "hatari" na "fursa". Sehemu ya pili ya neno hilo huonekana pia katika maneno ya mashine na ndege. Hapo ina maana ya wakati mambo yanapogeuka, basi. Mgogoro ni hatari kwa Wachina kama ulivyo kwetu.

Paa wanne

Niruhusuni nieleze kwa mfano wa nyumbani. Tuseme kwamba sisi Waswahili hatukuwahi kuwa na hati, na leo tunaanza kubuni ya kwetu. Tunachora mnyama mwenye miguu myembamba na pembe fupi: huyu ni paa. Kisha tunataka kuandika kwamba ndege anapaa. Kitendo cha kupaa hakichoreki kwa urahisi, lakini sauti yake tunayo tayari; tunamwazima yule mnyama. Vivyo hivyo tunamwazima kwa paa la nyumba, na tena kwa mama anayepaa samaki kabla ya kumkaanga. Sasa tuna mnyama mmoja anayebeba maneno manne, na msomaji anaanza kutatizika. Dawa ni rahisi: kando ya paa wa angani tunaweka alama ndogo ya bawa, kando ya paa la nyumba tunaweka alama ya nyumba, na kando ya kupaa samaki alama ya kisu. Sehemu moja inatuambia neno linatamkwaje. Sehemu nyingine inatudokezea maana iko upande gani.

Nimewaeleza hivi punde jinsi zaidi ya asilimia 80 ya alama za Kichina zilivyoundwa. (Tumezoea kuziita herufi, ilhali herufi kwetu ni alama ya sauti moja. Wachina huziita hanzi, na kila hanzi huwakilisha silabi moja ambayo aghalabu ni mofimu moja. Mimi nitaziita alama.) Neno lái, yaani "kuja", liliandikwa kwa kuazima picha ya shayiri au ngano, ambayo jina lake la kale lilikuwa na sauti ya namna hiyo. Neno wǒ, yaani "mimi", liliazima picha ya silaha. Na mama, mā, huandikwa 妈: kushoto ni alama ya mwanamke, kulia ni 马, farasi. Nilipoiona mara ya kwanza nilitunga nadharia nzima kuhusu mama abebaye mizigo ya familia. Mwalimu wangu, binti wa miaka ishirini na kitu aliyenistahi hata akashindwa kucheka, alisema: "Profesa, farasi ni mǎ." Farasi yumo kwa ajili ya sauti. Ni paa wetu.

Picha za kweli zipo, sikatai. Mti huandikwa kwa alama inayokumbusha shina na matawi. Miti miwili ni msitu. Moja, mbili na tatu ni mistari mmoja, miwili na mitatu. Walimu hupenda kuanzia hapo, na ndipo kosa huzaliwa, kwa sababu somo la kwanza ni tamu na la kumi halifanani nalo hata kidogo.

Wachina wenyewe walilijua jambo hili zamani. Mwaka 100 baada ya Kristo mwanazuoni Xu Shen alikamilisha kamusi yake, Shuowen Jiezi, yenye alama 9,353 zilizopangwa chini ya vichwa 540, naye akaeleza njia sita za kuunda na kutumia alama, mojawapo ikiwa hii ya sauti na maana. Xu Shen hakubahatika kuona maandishi ya kale zaidi. Hayo yalitambuliwa mwaka 1899, wakati Wang Yirong, afisa na mwanazuoni wa Beijing, alipogundua kuwa mifupa ya kale iliyouzwa kama dawa ilikuwa na maandishi. Mifupa hiyo, ya mafahali na magamba ya kobe, ilitoka karibu na Anyang na ilitumiwa na wafalme wa Shang kupigia ramli kuanzia yapata mwaka 1250 kabla ya Kristo. Hata humo, katika umri wa zaidi ya miaka elfu tatu, kuazima kwa sauti kumekwisha kuenea.

Mwanaisimu hufurahi zaidi pale mashine hii inapoonekana kuharibika. Alama ya mto, 江, ina maji upande wa kushoto na 工 upande wa kulia. Lakini katika Kichina sanifu ya kwanza hutamkwa jiāng na ya pili gōng. Mbona hazifanani? Zilifanana wakati alama ilipoundwa. Kisha matamshi ya kaskazini yakahama, na g ya kale ikaingia kaakaani. Ukienda Guangzhou au Hong Kong, kwa wasemaji wa Kikantoni, mto huo bado huanza kwa g. Hapa Mswahili hahitaji maelezo marefu: mtu wa Mombasa husema ndia pale Mwunguja asemapo njia, na sote twajua kuwa hao ni ndugu wawili, mmoja hutamkwa kaakaani na mwingine kwenye meno. Maandishi ya Kichina yamehifadhi tamko moja huku wengi wakitamka jingine.

Ndiyo maana nashuku pia usemi wa pili tunaousikia, kwamba Wachina wasioelewana kwa mdomo huelewana kwa maandishi kwa kuwa alama hazina lugha. Msomi wa Hong Kong na wa Beijing huelewana kwa sababu wote wawili wamesoma shuleni Kichina kimoja cha kuandikia, ambacho leo msingi wake ni lugha ya kaskazini. Mwache mtu wa Hong Kong aandike kama anavyozungumza na mamaye: "yeye", "ni" na "si" zitakuwa alama nyingine kabisa, na mwenzake wa Beijing atakwama mstari wa kwanza.

Lugha iliyo nyuma ya hati

Basi anayeanza asianze na picha, aanze na lugha. Na hapo nilikuta faraja ambayo sikuitarajia, ingawa haikuwa katika toni. Toni zilinitesa. Mǎi ni kununua na mài ni kuuza. Nilisimama mbele ya muuzaji wa majani ya chai nikamtangazia kwa sauti kuu kwamba ninauza chai, naye akanitazama kwa huruma. Wenzetu wasemao Kihaya au Kikikuyu wana toni, ila zao kwa sehemu kubwa ni za juu na chini, wakati hizi nne za Kichina sanifu zina mwendo: moja husimama, moja hupanda, moja huzama, moja huanguka.

Faraja ilikuwa kwenye ukoo. Vitabu vyote vya kujifunzia nilivyovipata vilikuwa vya Kiingereza, navyo vililalamika kwa kurasa nzima kuhusu wingi wa majina ya jamaa. Nikatazama orodha: bóbo ni kaka mkubwa wa baba, shūshu ni mdogo wake, jiùjiu ni kaka wa mama, gūgu ni dada wa baba. Kwetu hawa ni baba mkubwa, baba mdogo, mjomba na shangazi, wala hakuna aliyewahi kuwalalamikia. Kitabu kile kilikuwa na "anko" mmoja tu wa kuwagawia watatu. Nilijifunza ukurasa huo kwa dakika kumi.

Vilevile ngeli. Kichina hakina upatanisho wa kisarufi, lakini huwezi kuhesabu kitu bila kukitia katika kundi lake: vitabu vitatu ni sān běn shū, ambapo běn ni neno la kuhesabia vitabu. Vitu bapa kama karatasi na meza huchukua zhāng. Virefu vinavyopindapinda, kama mto, nyoka na hata suruali, huchukua tiáo. Mswahili anayesema "vitabu vitatu" na "miti mitatu" amekwisha kuzoea wazo kwamba namba haisimami tupu mbele ya nomino. Siwezi kusema mifumo hii miwili ni mmoja. Wetu umo ndani ya neno, wao uko nje. Nasema tu kwamba mlango ambao wengine huuona ni ukuta, sisi tunaukuta umeegeshwa.

Mwaka 1928

Sasa niingie katika lile lililonifanya niombe nafasi hii. Katika karne ya 20 Wachina walikaribia kuitupa hati yao. Mitihani ya kifalme, iliyokuwa imeilinda lugha ya kale ya maandishi, ilifutwa mwaka 1905. Mwaka 1918 Qian Xuantong, ambaye mwenyewe alikuwa mwanaisimu na bingwa wa hati hiyo, alitaka alama zifutwe zote. Lu Xun, mwandishi mkuu wa kizazi kile, aliandika kwa ukali katika miaka ya 1930 akiunga mkono herufi za Kilatini. Hawa hawakuwa watu waliodharau utamaduni wao kwa ujinga. Waliiona nchi ikishindwa vita na wakulima wasioweza kusoma hati ya deni lao, wakatafuta mshitakiwa, na hati ikawa karibu.

Angalieni mwaka 1928. Uturuki iliacha herufi za Kiarabu ikachukua za Kilatini. Serikali ya Nanjing ilitangaza mfumo wa Kilatini wa kuandikia Kichina, uliobuniwa na wanaisimu akiwamo Zhao Yuanren, ambamo toni huonyeshwa kwa herufi zenyewe: mama ni mha, farasi ni maa, kukemea ni mah. Na mwaka huohuo, mjini Mombasa, mkutano uliichagua Kiunguja kuwa msingi wa Kiswahili sanifu, na Kamati ya Lugha iliyofuata mwaka 1930 ikasimamia tahajia ya Kilatini. Mambo matatu, mwaka mmoja.

Ni Zhao huyohuyo aliyetunga kisa katika Kichina cha kale kuhusu mshairi mla simba, ambamo kila silabi hutamkwa shi, zikitofautiana toni tu. Kwa macho kinaeleweka. Kwa masikio ni upepo mtupu. Alikuwa mjuzi wa Ulatini, na aliyajua mapaka yake: lugha ya kale haiandikiki kwa sauti peke yake, ya leo inaandikika.

Baada ya 1949 mradi uliendelea. Mwaka 1956 ulitangazwa mpango wa kurahisisha alama: farasi, aliyekuwa na mikato kumi, akabaki na mitatu. Tarehe 11 Februari 1958 Bunge la Umma liliidhinisha pinyin, mfumo wa Kilatini ninaoutumia katika mhadhara huu. Miongoni mwa walioutengeneza alikuwa Zhou Youguang, mwanauchumi aliyehamishiwa kazi ya lugha, aliyeishi kutoka mwaka 1906 hadi 2017. Mwezi mmoja kabla, Waziri Mkuu Zhou Enlai alikuwa amesema wazi kuwa kazi ya pinyin ni kufundishia matamshi na kueneza lugha sanifu, wala si kuziondoa alama. Urahisishaji wa pili wa mwaka 1977 uliwachukiza watu ukafutwa rasmi mwaka 1986. Hati ikabaki, ikiwa imepata msaidizi.

Je, wanamageuzi walikuwa sahihi kuilaumu? Nadhani hapana. Taiwan na Hong Kong zimebaki na alama za zamani zenye mikato mingi, na watu wao wanasoma. Kilichokosekana kwa yule mkulima kilikuwa shule. Lakini nawaheshimu kwa jambo moja: walibishana wao kwa wao, kwa lugha yao, kwa miaka hamsini.

Kwetu mjadala wa namna hiyo haukuwa wetu. Kiswahili kiliandikwa kwa hati za Kiarabu kwa karne kadhaa. Utendi wa Tambuka una tarehe ya mwaka 1728. Hati hiyo ilikuwa na upungufu: irabu tatu kwa tano zetu, na sauti kama p na ng zisizo na makao. Lakini wenyeji walikuwa wakiirekebisha. Mwalimu Sikujua wa Mombasa, aliyefariki mwaka 1890, aliongeza alama ili irabu na konsonanti zetu zipambanuke. Kazi yake ilikatizwa na shule na ofisi za wakoloni. Sitaki kudanganya: herufi za Kilatini zinakifaa Kiswahili, na sipendekezi turudi nyuma. Ninachouliza ni kwa nini kupokea hii kulilazimu kutofundisha ile.

Babu yangu, mtu wa Kilwa aliyehamia Ifakara kufanya biashara, alituachia barua moja. Baba hakuweza kuisoma. Mimi nilijifunza hati hizo nikiwa na umri wa miaka thelathini, nikakaa na barua ile siku tatu kwa sababu ya neno moja: babu aliandika p kwa alama ya b, na ng kwa alama ya gh aliyoitumia pia kwa g, hivyo sikujua kama alinunua mpunga au mbuga. Hatimaye bei ndiyo iliyoamua. Ulikuwa mpunga.

Nilimsimulia mwalimu wangu wa Beijing kisa hiki siku alipokwama ubaoni. Alitaka kuandika "kupiga chafya", akasahau alama ya mwisho, jambo ambalo siku hizi huwapata wengi wao na wana msemo wa kuliita: kuinua kalamu na kusahau. Alitoa simu, akaandika penti kwa pinyin, alama ikajitokeza, akainakili. Msaidizi wa mwaka 1958 ndiye aliyefungua mlango wa hati. Kisha akaniomba nimwandikie neno mpunga kwa mkono wa babu, akaligeuza karatasi huku na huku, akauliza wanafunzi wangu wangapi wangeweza kulisoma. Niliporejea niliwauliza. Katika darasa la arubaini, mikono mitatu iliinuliwa, yote ya waliopitia madrasa.

Muhula ujao, kwa hiyo, kila Alhamisi saa nane mchana, kutakuwa na darasa la kusoma Kiswahili katika hati za Kiarabu. Halina mtihani. Mwenye barua nyumbani aje nayo, ikiwa imefunikwa vizuri isipate unyevu.